Roketi ya Gagarin na Watu Iliowarudisha Salama

Mheshimiwa Mwenyekiti, walimu wenzangu, wanafunzi wetu wapendwa, na nyote mliotenga muda wenu kuja hapa,

Nashukuru kupewa nafasi ya kuzungumza leo, tarehe 12 Aprili, siku ambayo mwaka 2011 Umoja wa Mataifa uliitangaza kuwa Siku ya Kimataifa ya Safari za Binadamu Angani. Tarehe kama ya leo, mwaka 1961, saa tatu na dakika saba asubuhi kwa saa za Moscow, ambazo ni sawa na saa zetu za Afrika Mashariki, kijana wa miaka 27 aitwaye Yuri Gagarin aliisikia roketi ikinguruma chini ya mgongo wake, akatamka neno moja la Kirusi, poyekhali, ambalo sisi tungesema tu "haya, twende". Aliizunguka Dunia mara moja, na kabla ya saa mbili kutimia alikuwa amekwisha kukanyaga ardhi tena.

Mengi yamesemwa kumhusu Gagarin, na anayastahili yote. Mimi naomba leo tumpe heshima yake kisha tuitazame roketi iliyompandisha. Tangu siku ile hadi sasa, kila binadamu aliyepaa kwa roketi ya Urusi amepaa kwa roketi ya ukoo mmoja tu, ukoo wa R-7, ambao Warusi huuita kwa mapenzi Semyorka, yaani "namba saba". Roketi za ukoo huu zimerushwa zaidi ya mara 1,900, nyingi zikiwa zimebeba satelaiti na mizigo, na katika safari zote zilizobeba watu hakuna hata mmoja aliyepoteza maisha wakati roketi inapanda. Anayesikia hivyo anaweza kudhani kwamba roketi hii haikuwahi kuharibika. Iliharibika, tena zaidi ya mara moja, watu wakiwa wameketi juu yake, na namna watu hao walivyotoka hai ndiyo ninayoiona kuwa kiini cha historia yenyewe.

Asili yake ni ya kivita. Umoja wa Kisovieti ulitaka kombora la kuvuka mabara likiwa limebeba bomu la nyuklia, na kwa kuwa mabomu yao ya wakati ule yalikuwa na uzito wa tani kadhaa, ilibidi libuniwe kombora kubwa kuliko lolote lililokuwapo duniani. Kazi hiyo ilikuwa chini ya Sergei Korolev, mtu ambaye mwaka 1938, enzi za Stalin, alikamatwa kwa mashtaka ya kubuniwa, akapelekwa kwenye machimbo ya dhahabu ya Kolyma, akapoteza meno na nusura apoteze uhai, na hakupata uhuru wake hadi mwaka 1944. Valentin Glushko, aliyetengeneza injini, naye alikamatwa mwaka huo huo. Huwa nashindwa kulipita jambo hili haraka: dola iliyowatesa watu hawa ndiyo waliyoifanyia kazi kwa akili zao zote, na hata baada ya ushindi wao umma haukuambiwa jina la Korolev. Magazeti yalimtaja kwa cheo tu, "Mbunifu Mkuu", mpaka alipofariki Januari 1966.

Jaribio la kwanza la R-7, mwezi Mei 1957, lilishindwa. Tarehe 21 Agosti mwaka huo kombora liliruka vizuri kutoka Tyuratam, kwenye nyika za Kazakhstan, mahali ambapo baadaye dunia nzima ilipajua kwa jina la Baikonur, na wiki sita baadaye likapeleka juu satelaiti ya kwanza, Sputnik. Kama silaha lilikuwa na kasoro kubwa, kwa sababu liliandaliwa kwa saa nyingi na oksijeni yake ya kimiminika haikuweza kuhifadhiwa tangini kwa muda mrefu bila kuchemka na kupotea. Kwa hiyo jeshi likahamia kwenye makombora mengine, na wenye ndoto za anga wakabaki na roketi yenye nguvu za kuinua tani nyingi.

Naomba wanafunzi wa fizikia wanivumilie nieleze jinsi ilivyojengwa, maana uhai wa watu nitakaowataja baadaye ulitegemea mambo haya. Roketi ina mwili wa kati, na pembeni yake zimefungwa roketi nne zenye umbo la koni. Kinachochomwa ni mafuta ya taa, ndugu wa yale tunayotia kwenye chemli na majiko ya utambi ingawa yamesafishwa zaidi, yakichanganywa na oksijeni iliyopozwa hadi ikawa kimiminika. Injini kubwa ni tano, na kila moja ina chemba nne za kuchomea, kwa hiyo ukiitazama roketi kwa chini utahesabu midomo mikubwa 20 ya moto. Glushko alifanya hivyo kwa sababu chemba moja kubwa ilikuwa ikitetemeka kwa nguvu hadi kujivunja. Akaugawa moto katika chemba nne ndogo zinazolishwa na pampu moja. Injini zote tano huwashwa roketi ingali chini, kwa kuwa katika miaka ile hakuna aliyeweza kuahidi kwamba injini itakubali kuwaka huko juu. Hadi miaka ya karibuni ziliwashwa kwa baruti iliyofungwa kwenye fito za mbao, zinazochomekwa ndani ya midomo hiyo kama viberiti vikubwa.

Roketi yenyewe haisimami kwa mkia. Inaning'inia, ikiwa imeshikwa kiunoni na mikono minne ya chuma, na inapoanza kuinuka mikono hiyo hurudi nyuma kwa uzito wake yenyewe, mfano wa ua linalochanua. Dakika mbili hivi baadaye roketi nne za pembeni huachia kwa pamoja na kuanguka zikiwa zimetawanyika, na anayetazama kutoka chini huona umbo la msalaba, ambalo watu wa Baikonur huliita msalaba wa Korolev. Nitaurudia msalaba huo kabla sijamaliza.

Kabla ya Gagarin walipanda mbwa. Tarehe 28 Julai 1960 mbwa wawili, Chaika na Lisichka, walikufa baada ya roketi ya pembeni kuharibika sekunde chache tu tangu kuondoka. Wiki tatu baadaye Belka na Strelka walikwenda na kurudi wakiwa hai. Desemba mwaka huo wengine wawili wakafa wakati wa kurejea. Korolev alitaka safari mbili mfululizo zisizo na kasoro kabla ya kumpandisha mtu, akazipata mwezi Machi 1961. Katika chombo cha Vostok mwanaanga aliketi kwenye kiti kinachoweza kurushwa nje pamoja naye roketi ikiharibika, na kiti hicho ndicho kilichotumika pia wakati wa kutua: Gagarin alitoka chomboni kwenye urefu wa kilomita 7 na kushuka kwa parachuti yake mwenyewe, jambo lililofichwa kwa miaka mingi. Kwa njia hiyo hiyo Valentina Tereshkova, mwanamke wa kwanza angani, alitua Juni 1963 baada ya kuizunguka Dunia mara 48.

Kilichofuata siwezi kukisifu. Wamarekani walikuwa wakiandaa chombo cha watu wawili, na viongozi wa Moscow walitaka kuwatangulia. Oktoba 1964 wakawabana watu watatu, Vladimir Komarov, Konstantin Feoktistov na Boris Yegorov, ndani ya chombo kilichoitwa Voskhod, tufe lililobuniwa kwa ajili ya mtu mmoja. Ili watoshe, viti vya kujiokolea viliondolewa, na suti za anga hazikuvaliwa. Roketi ingeharibika katika sekunde za mwanzo, hawakuwa na njia yoyote ya kutoka. Walirudi salama, na Machi 1965 chombo cha aina hiyo kikampeleka Alexei Leonov, aliyekuwa binadamu wa kwanza kutoka nje ya chombo angani. Hata hivyo nashikilia kwamba kufaulu kwa Voskhod hakuhalalishi hatari ile, na naamini wahandisi wenyewe waliliona hilo, kwa sababu chombo kilichofuata kilikuja na dawa yake.

Chombo hicho ni Soyuz, neno lenye maana ya "muungano". Juu kabisa ya kilele cha roketi yake pamewekwa roketi nyingine ndogo ya baruti ngumu, nyembamba kama mnara wa msikiti, yenye kazi moja tu: kuchomoa chombo cha watu na kukipeleka mbali iwapo roketi kubwa iliyo chini itapata hitilafu. Mara ya kwanza kufanya kazi yake ilikuwa tarehe 14 Desemba 1966, na haikuwa kwa kutakiwa. Chombo hakikuwa na mtu. Injini ziliwashwa zikazimika kwa hitilafu, mafundi wakarudi jukwaani kuikagua roketi, na karibu nusu saa baadaye roketi ya uokoaji ikafyatuka ghafla. Jairoskopi, yaani vifaa vya kupimia mwelekeo, ndani ya roketi zilikuwa bado zinazunguka, zikishikilia mwelekeo ule ule, wakati Dunia ikiendelea kujizungusha na kuibeba roketi pamoja nayo. Tofauti ilipozidi kiwango, mtambo ukaamini kwamba roketi inapinduka. Moto ulilipua jukwaa na kuua. Chombo chenyewe kilitua taratibu kwa parachuti. Kwa gharama ya uhai, watu wakawa wamejua kwamba mnara ule unaweza kuokoa, na kwamba unaweza pia kuua wanaousogelea.

Vifo vya wanaanga wa Soyuz vilitokea wakati wa kurudi nyumbani, na majina yao lazima yatajwe hapa. Aprili 1967 Vladimir Komarov alikufa kwa sababu parachuti kubwa haikutoka na ile ya akiba ilisokotana. Juni 1971 Georgy Dobrovolsky, Vladislav Volkov na Viktor Patsayev, wakitoka kwenye kituo cha anga cha Salyut 1 walikokaa zaidi ya wiki tatu, walikufa baada ya vali moja kufunguka kwenye urefu wa kilomita 168 na hewa yote kuvuja. Hawakuwa wamevaa suti, kwa sababu watu watatu wenye suti hawakutosha. Tangu hapo hakuna mwanaanga wa Urusi aliyepaa au kurudi bila suti, na kwa miaka kadhaa Soyuz ilibeba watu wawili tu, mpaka nafasi ya watatu ilipopatikana tena mwaka 1980.

Kuhusu roketi ya Mwezi, N1, sina mengi ya kusema katika hotuba ya roketi zilizobeba watu, kwa kuwa haikubeba mtu yeyote. Ilikuwa na urefu wa mita 105 na injini 30 katika sehemu yake ya chini, ilirushwa mara nne kati ya 1969 na 1972, na mara zote nne iliharibika. Energia, iliyopeleka chombo cha Buran mwaka 1988, nayo haikuwahi kupandwa. Mipango mikubwa ilikuja ikaondoka, na Semyorka ikabaki.

Sasa nifike kwenye tarehe 5 Aprili 1975. Vasily Lazarev na Oleg Makarov walikuwa wamepanda karibu dakika tano, mnara wa uokoaji ukiwa umekwisha kutupwa kwa sababu katika urefu huo hauhitajiki tena. Ulipofika wakati wa mwili wa kati kuachana na sehemu ya juu, vifungo vingine vilifunguka na vingine vikakataa. Injini ya juu iliwaka huku bado ikiburuta roketi tupu chini yake, na roketi ikapinda njia. Mtambo ulikitenga chombo na roketi kwenye urefu wa kilomita 145, lakini wakati huo kilikuwa kimeelekea chini, kwa hiyo kiliporudi kwenye hewa nzito wanaanga wale walikandamizwa kwa nguvu iliyozidi mara 20 ya uzito wao. Fikiria mtu wa kilo 75 akihisi uzito wa tani moja na nusu kifuani. Walitua kwenye mteremko wenye theluji nyingi katika milima ya Altai, chombo kikaanza kuteleza kuelekea genge, na kikazuiwa na parachuti iliyonasa kwenye miti. Hawakujua kama wako nchini kwao au wamevuka mpaka kuingia China. Waliokolewa siku iliyofuata. Safari yao ilidumu dakika 21.

Wenzangu, tukio la pili ndilo linalonigusa zaidi. Usiku wa tarehe 26 Septemba 1983 Vladimir Titov na Gennady Strekalov walikuwa ndani ya chombo, roketi ikiwa imejaa mafuta, ikibaki dakika moja na nusu kuondoka. Vali moja haikufunga, mafuta yakamwagika, moto ukapanda ukiizunguka roketi. Wao ndani hawakuuona. Walihisi mtikisiko usio wa kawaida tu. Moto uliunguza nyaya ambazo zingepeleka amri ya kujiokoa, kwa hiyo amri ikabaki ya kutumwa kwa redio, na ili asitokee mtu mmoja wa kuifyatua kwa bahati mbaya, ilikuwa imepangwa kwamba watu wawili walioketi vyumba tofauti wabonyeze vitufe vyao ndani ya sekunde tano. Walibonyeza. Roketi ya mnara iliwaka kwa sekunde tano, ikawachomoa wanaanga kutoka katikati ya ndimi za moto, na mara roketi kubwa ikaporomoka na kulipuka chini yao. Walitua umbali wa kama kilomita nne, wakiwa na michubuko, huku jukwaa likiendelea kuwaka kwa saa nyingi.

Waliobuni mnara ule waliubuni wakitamani usitumike kamwe. Strekalov alirudi angani Aprili 1984, miezi sita tu na siku chache baadaye, akiwa pamoja na Rakesh Sharma, Mhindi wa kwanza angani. Titov, pamoja na Musa Manarov, alikaa kwenye kituo cha Mir kuanzia Desemba 1987 hadi Desemba 1988, na hao wawili wakawa binadamu wa kwanza kuishi angani mwaka mzima.

Sharma hakuwa mgeni pekee. Mwaka 1980 roketi hii ilimpandisha Arnaldo Tamayo Méndez wa Cuba, mtu wa kwanza mwenye asili ya Afrika kufika angani, na Aprili 2002 ikampandisha Mark Shuttleworth wa Afrika Kusini, raia wa kwanza wa nchi ya Afrika kufika huko, ambaye alijilipia safari yake. Wanafunzi wetu wakiulizwa Mwafrika wa kwanza angani alisafiri kwa chombo gani, wajibu bila kusita kwamba alisafiri kwa Soyuz.

Ndani ya miaka hiyo roketi haikubaki vile vile. Kwa muda ilichoma mafuta ya kutengenezwa maabara yaitwayo sintini, yenye nguvu zaidi kidogo kuliko mafuta ya taa, lakini gharama yake ikawashinda baada ya Umoja wa Kisovieti kuvunjika, wakarudi kwenye mafuta yao ya zamani. Vichwa vinavyonyunyizia mafuta ndani ya chemba za injini viliboreshwa, ikaja Soyuz-FG. Kuanzia Julai 2011, Marekani ilipostaafisha vyombo vyake vya Shuttle, hadi Mei 2020, mtu yeyote wa taifa lolote aliyekwenda Kituo cha Kimataifa cha Anga alikwenda kwa roketi hii. Kwa takriban miaka tisa njia ilikuwa moja.

Ndiyo maana tarehe 11 Oktoba 2018 wengi walishika pumzi. Aleksey Ovchinin wa Urusi na Nick Hague wa Marekani walipaa kutoka jukwaa la Gagarin, na dakika mbili baadaye, kwenye msalaba wa Korolev, roketi tatu za pembeni zilijitenga sawasawa na ya nne ikagonga mwili wa kati na kuutoboa. Uchunguzi ulionyesha kwamba kifimbo cha kitambuzi, kitu kidogo kinachotoa ishara ya kuachana, kilikuwa kimepinda kidogo wakati roketi inaunganishwa. Mnara wa uokoaji ulikuwa umetupwa sekunde chache kabla, lakini baada ya miaka mingi ya kujifunza wahandisi walikuwa wameweka roketi nyingine za uokoaji kwenye ganda linalofunika chombo, kuziba pengo hilo hilo la sekunde chache. Ziliwaka zenyewe, bila kusubiri amri ya mtu. Chombo kilipanda hadi karibu kilomita 93, kikashuka zaidi ya kilomita 400 kutoka Baikonur, na wanaanga wote wawili wakatoka wakitembea kwa miguu yao.

Tarehe 14 Machi 2019 Ovchinin na Hague walirudi kwenye jukwaa lile lile, wakapanda Soyuz-FG nyingine, safari hii wakiwa na Christina Koch. Roketi zote nne za pembeni zilijitenga kwa wakati wake, na saa sita hivi baadaye walikuwa wamefika kituoni.

Ahsanteni sana kwa kunisikiliza.